Majibu ya barua: Mwanachuoni wako wa Pemba hawezi kuiona hiyo nyota

SWALI: Assalamu alaykum Bi Mhariri. Mimi ni mwalimu wa skuli hapa Wete, naandika hadithi ya mwanachuoni wa kubuni wa Pemba, mwaka 1490 hivi, anaepima wakati na bahari. Kila usiku anapanda darini kuipima Nyota ya Kaskazini halafu anachora ramani yake kwenye karatasi, na mwisho anafariki siku ya Mwaka Kogwa, sikukuu yetu ya mwaka mpya, mwezi wa Julai. Nimewasomea jamaa zangu wanasema haina ladha ya kwetu. Nimekosea wapi?

JIBU: Waalaykum salaam mwalimu wangu. Huyu mzee wako nimempenda, lakini jamaa zako wana haki.

Tuanze na hiyo nyota. Pemba ipo kusini ya ikweta, kama digrii 5, na Nyota ya Kaskazini kwetu huku iko chini ya upeo wa macho, yaani mzee atakaa darini mpaka adhana ya alfajiri na hatoiona. Wanaotoka Uarabuni waliipima kwa kamal, kibao kidogo cha mbao chenye uzi wa mafundo katikati, unauma uzi kwa meno, unakisogeza kibao mpaka ukingo wa chini uguse bahari na wa juu uguse nyota, halafu unahesabu fundo, na kipimo chao kiliitwa kidole. Sasa chombo kikizidi kushuka kusini ile nyota inazama, wakahamia kwenye Farkadani, zile nyota mbili zinazoizunguka, wakazivizia zikifika juu kabisa. Hizo mzee wako anaziona. Mpe Farkadani na kusini mpe Suheli, ile nyota inayong'ara sana upande wa kusini, na hapo msomaji ataamini kuwa huyu mtu kakaa Pemba kweli.

Ramani ya karatasi na mie ningeiondoa. Ahmad ibn Majid wa Julfar, ambayo leo ni Ras al Khaimah, aliishi zama hizo hizo za mzee wako na elimu yake nyingi ya bahari aliitunga kwa mashairi, mpaka njia ya kuja pwani yetu kwenda Sofala ina shairi lake, kwa sababu shairi nahodha analihifadhi moyoni na halirowi. Na umbali hawakuuhesabu kwa maili, waliuhesabu kwa zam, na zam moja ni mwendo wa saa 3. Yaani ukimuuliza nahodha bandari fulani iko mbali gani anakujibu kwa wakati. Wewe unatafuta mtu anaepima wakati na bahari pamoja, basi jambo lenyewe ndio hili, kwao vilikuwa kitu kimoja, na ramani iwe kichwani mwake, aisome kwa sauti, wanafunzi wakikosea mstari awarudishe mwanzo.

Halafu mwalimu, mbona maji hayamo kabisa kwenye hadithi? Mtu wa Pemba hapimi wakati bila ya maji. Bibi yangu hakujua kusoma saa ya ukutani, lakini mwezi ukiandama tu anasema kesho bamvua (maji kujaa na kupwa sana), maji yatapwa saa 4, na kweli saa 4 asubuhi sisi tuko mwambani na vijiti vya pweza na maji yamekwenda mbali mpaka unaona majani ya bahari yamelala. Mwezi mwandamo na mwezi mpevu maji hujaa kiasi cha saa 10, alfajiri na jioni, na kupwa kiasi cha saa 4, halafu kila siku inayopita yanachelewa kama dakika 50, kwa hiyo ukijua leo mwezi ngapi umeshajua saa ya maji. Siku ya 7 au 8 hivi ni maji mafu, hayajai sana wala hayapwi sana, na bibi alikuwa habebi kapu siku hizo. Hiyo ni hesabu ya falaki, na alikuwa anaifanya mwanamke aliyeshika ungo wa mchele, anachagua huku anatwambia. Nakuomba sana usimfanye mzee wako ndie mwenye elimu peke yake kisiwa kizima, muweke na dada yake au mkewe anaemsahihisha.

Kuhusu Mwaka, hapa nadhani hata wengi Makunduchi, kule Unguja wanakouadhimisha, hawajawahi kulifikiria hili. Mwaka wa mwezi una siku 354 kwa kawaida, unakimbia kama siku 11 kuliko mwaka wa jua, kwa hiyo Ramadhani inazunguka misimu yote na huwezi kuitumia kujua kaskazi itaanza lini. Ndio maana wazee wakawa na hesabu ya pili, ya Nairuzi, iliyotoka Uajemi, miongo 36 ya siku kumi kumi na siku 5 za ziada, jumla 365. Lakini haina ile siku inayoongezwa kila miaka 4, kwa hiyo Mwaka unarudi nyuma siku moja kila miaka 4. Leo upo Julai, karne ya 19 ulikuwa unaangukia mwishoni mwa Agosti, na ukiirudisha hesabu mpaka 1490 unafika karibu na mwisho wa Novemba. Hiyo si kusi tena, demani, msimu wa kati ya kusi na kaskazi, inakwisha na kaskazi inakaribia, vyombo vya Uarabuni na Bara Hindi ndio vinajitayarisha kuja huku.

Kwa hiyo mfishe mzee Novemba kama bado unataka afe siku ya Mwaka, kabla hakijafika chombo hata kimoja, na yule mwanafunzi wake atoke kwenda pwani ajue mwenyewe maji yatajaa saa ngapi. Ukimaliza niletee, nataka kuisoma yote.