Kwa mnaoanza kufuatilia waigizaji wa zamani wa Uturuki

Najua wengi wenu mmeingilia huku kupitia tamthilia za Kituruki zilizotiwa sauti za Kiswahili, sio mbaya, hata mimi nilianzia hukohuko. Ila kama unataka kurudi nyuma kabisa, miaka ya 1920, ngoja nikwambie jinsi mwigizaji Neyyire Neyir alivyonitoa jasho.

Daftari langu lilikuwa na wadada watatu, Münire Eyüp, Neyyire Neyir na Neyyire Ertuğrul, nikahangaika nao karibu mwezi mzima kila mmoja na ukurasa wake, kumbe mtu ni mmoja jamani! La kwanza la nyumbani, la pili la kisanii, la tatu la ndoa, maana aliolewa na Muhsin Ertuğrul, yule dairekta aliyeishika sinema ya Uturuki karibu peke yake mpaka mwisho wa miaka ya 1930. Sheria ya majina ya ukoo kule ilikuja 1934, na hadi 1928 walikuwa wanaandika kwa herufi za Kiarabu, kwa hiyo jina moja unaweza kulikuta limeandikwa kila namna. Andika majina yote ya mtu ukurasa mmoja kabla hujaanza kutafuta chochote.

Hapa waliopita madrasa mna bahati. Soma Münire na Neyyire kwa herufi za Kiarabu utaona ni mzizi uleule wa nuru, Munira tunao wangapi mtaani? Yani dada wa watu hakwenda mbali, alibadilisha nuru kwa nuru.

Filamu iliyomtoa ni Ateşten Gömlek ya 1923, ya Muhsin huyohuyo, imetoka kwenye riwaya ya Halide Edib. Kabla ya hapo nafasi za wanawake zilikuwa zinachezwa na Waarmenia na Wagiriki, maana mwanamke Mwislamu kupanda jukwaani ilikuwa kesi, Afife Jale alijaribu 1920 polisi wakamwandama. Halide Edib akakaza, anataka wanawake wa Kituruki. Bedia Muvahhit akapatikana kupitia mumewe ambaye naye alikuwa mwigizaji, nafasi ya pili ikatangazwa gazetini, na inasimuliwa kuwa aliyejitokeza ni Münire peke yake. Hapo Istanbul bado iko chini ya majeshi ya kigeni, hebu fikiria.

Kosa langu jingine nilikuwa nahesabu filamu tu. Ukihesabu filamu utasema huyu hakufanya kitu, wakati hawa walikuwa watu wa tamthilia za jukwaani, Darülbedayi, kundi la tamthilia la mji wa Istanbul, ndio kazi yao, kamera inashikwa kiangazi jukwaa likiwa limefungwa. Kwa hiyo tafuta mabango na majarida ya tamthilia, yeye na mumewe walikuwa na jarida lao kabisa, Perde ve Sahne, yani Pazia na Jukwaa, nimepata mengi kwa njia hiyo kuliko kwenye orodha za filamu.

Neyyire alifariki 1943, mapema mno, kwa hiyo usitegemee mahojiano marefu ya uzeeni. Ukikwama hamia kwa Bedia, huyo aliishi mpaka 1994, halafu rudi kwa Neyyire ukiwa na tarehe mkononi.