Maswali ya Wasomaji: Siku Moja katika Mji wa Kale wa Gedi

SWALI: Ndugu Mhariri, mimi ni mwalimu wa shule ya msingi mjini Tororo, Uganda. Mwezi wa Disemba tutakwenda Mombasa kwa harusi ya mdogo wangu, na baada ya sherehe tutabaki na siku moja tu kabla ya kupanda basi la kurudi. Wenzangu wanataka tuuone mji wa kale wa Gedi wenye kuta, kisha tupite Malindi na kurejea kabla ya usiku. Tuko watu sita, pamoja na mama yetu mzee. Je, siku hiyo moja itatutosha?

JIBU: Mwalimu, hongereni kwa harusi. Siku moja inatosha kwa Gedi, ila haitoshi kwa Gedi na Malindi pamoja, na kwa maoni yangu ni afadhali Malindi mkaiacha kuliko kupita magofuni mbiombio.

Gedi iko yapata kilomita 100 kaskazini mwa Mombasa. Kwa sababu ya foleni ya Mtwapa, ondokeni saa kumi na mbili asubuhi. Matatu za Malindi hushusha abiria kwenye njia panda ya Watamu, lakini kwa kuwa mna mzee, kodini gari la siku nzima. Vitambulisho vya taifa mtakavyovukia mpaka wa Malaba msiviache mlikofikia, kwani mkazi wa Afrika Mashariki hulipa kiingilio kidogo kuliko mgeni wa mbali. Malipo yenyewe siku hizi hufanyika kwa simu, kwa hiyo fuataneni na mwenyeji mwenye laini ya Kenya.

Msitarajie kuona mawimbi yakipiga ukuta. Mji huu umo msituni, kilomita chache kutoka ufuoni, ingawa ulitajirika kwa biashara ya baharini, ukastawi zaidi katika karne ya 15 na kuhamwa mwanzoni mwa karne ya 17. Wengi hukimbilia jumba la mfalme. Mimi ningewashauri muanze na kuta. Ziko mbili. Ule wa ndani ulizunguka jumba hilo, msikiti mkuu na nyumba za mawe ya matumbawe yaliyoshikizwa kwa chokaa, na kati yake na ule wa nje waliishi watu wa nyumba za udongo, ambazo hazikuacha gofu la kupigia picha. Ndiyo maana sikubaliani na wanaosema kuta zile zilijengwa kwa ajili ya adui peke yake: ule wa ndani ulimtenga tajiri na jirani yake pia.

Kisha ingieni nyumbani mwa watu. Wachimbaji waliofanya kazi hapo kuanzia mwaka 1948 walizipa nyumba majina ya vitu walivyovikuta ndani, kama vile mkasi, bakuli la kaure na kauri, yaani simbi. Hiyo ya kauri itawagusa, kwa kuwa simbi zilizotumika kama fedha katika Buganda zilitoka pwani ya bahari hii hii. Angalieni vyoo vyenye mahali pa kutawadhia, na kisima kilicho karibu na msikiti mkuu. Juu ya mlango mmoja wa msikiti huo pamechongwa ncha ya mkuki, jambo ambalo mtu huweza kulipita asipoinua macho. Pana pia kaburi lenye tarehe ya mwaka 802 wa Hijria, yaani 1399, na hilo ndilo wanafunzi wako watakaloliulizia zaidi ukiwaonyesha picha.

Vijia vina mizizi, hivyo mama avae viatu vya kisigino kifupi, na chakula kifichwe, kwani kima wa hapo hawaombi ruhusa. Saa tatu zinatosha. Mchana nendeni Watamu mkale samaki na kuiona bahari, kisha muanze safari ya kurudi saa tisa, kabla foleni ya jioni haijaanza.