Mwanasarakasi wa waya aliyepigwa filamu nje, 1894

SWALI: Mhariri habari za kazi. Mi ni mama wa Kayole, kijana wangu anafanya sarakasi, jioni anafunga kamba kwa zile nguzo mbili za kuanikia nguo anatembea juu yake na watoto wa ploti yote wanakuja kuangalia. Sasa mjomba wake anamwambia hiyo si kazi, eti hakuna mwanasarakasi amewahi kuwekwa kwa historia. Nilisikia zile sinema za kitambo zisizo na sauti zilikua na watu wa kurukaruka, ni kweli? Kuna hata mmoja mwenye anajulikana jina?

JIBU: Mama, yuko, tena yuko mapema kuliko vile watu wengi wanafikiria. Anaitwa Juan Caicedo, mtu wa Colombia, kazi yake ilikua kucheza juu ya waya, na kampuni ya Thomas Edison, yule mvumbuzi wa Marekani, ilimpiga filamu Julai 1894. Hapo hata watu walikua hawajaanza kukaa pamoja ukumbini kuangalia picha kwa kitambaa. Ulikua unainama juu ya kabati la mbao lenye katundu, unachungulia peke yako, sekunde kama 20 ivi imeisha. Duka la kwanza la makabati hayo lilifunguliwa New York Aprili mwaka huohuo, yalikua 10, na unalipa senti 25 kuchungulia matano.

Sasa mama hebu fikiria hizo sekunde 20 na hakuna sauti, mwimbaji atafanya nini hapo, na msimulizi hata hajamaliza kusalimia, lakini mwanasarakasi anaingia anaruka anageuka na umeshaona kila kitu. Ndo maana mwaka huo waliitwa wengi, Luis Martinetti wa kubembea kwa pete kubwa za kuning'inia, Ena Bertoldi wa kukunja mwili, na Sandow yule wa misuli ambaye alikuja Machi.

Filamu hizo zilikua zinapigwa kwa kibanda huko West Orange, New Jersey. Kilifunikwa karatasi ya lami nyeusi, paa linafunguka jua liingie, na chote kinazungushwa juu ya reli kulifuata jua vile linasonga, manake bila jua kali picha haitoki. Hao wengine niliowataja walitoshea mle ndani. Lakini mtu wa waya anataka nafasi, basi Caicedo akapigwa nje, na hiyo ni moja ya filamu za kwanza kabisa za Edison kupigwa nje ya kibanda. Hapo ndo mi huguswa sana, kwa sababu kamera ilikua imezoea watu waifuate, na huyu ikabidi afuatwe penye waya wake uko.

Na waya wake haukua ule wa kukazwa, ulikua umelegezwa. Kijana wako anajua tofauti kwa nyayo zake. Uliokazwa umetulia kiasi, huu uliolegea unabonyea ukikanyaga na unayumba kulia na kushoto, kwa hivyo badala ya kuupeleka mwili juu ya waya unaurudisha waya na mguu uje chini ya mwili. Caicedo alishika fimbo ndefu mkononi ya kuweka uzani sawa, na akapigwa filamu nyingine akiwa amevaa viatu vyenye mwiba wa kuchochea farasi, juu ya waya mama!

Alafu mwambie mjomba apite Ngara, hapa Nairobi, siku moja. Lile jengo wanasarakasi wetu wanafanyia mazoezi, Sarakasi Dome, zamani lilikua sinema, Shan.

Kijana akitoka mazoezini jioni mshikie simu, mtafute pamoja Caicedo 1894. Ni fupi sana, irudieni mara tatu nne, na mwambie asiangalie fimbo, aangalie miguu.