Baba mdogo aliyepokea watoto wawili

SWALI

Mwalimu, salamu nyingi kutoka Kadutu. Ninauza samaki wadogo wa sambaza sokoni, na jioni tunasikiliza redio. Wiki iliyopita walisimulia habari za watoto wawili wa mfalme wa Uingereza, ambao baba yao mdogo aliwaweka ndani ya ngome wakapotea, na mpaka leo haijulikani walikoishia. Nani aliwaua? Na kwa nini mama yao alimtoa mtoto wa pili, wakati wa kwanza alikuwa ameshachukuliwa? Nauliza kwa sababu mume wangu alifariki mwaka jana, na shemeji yangu wa Lubumbashi anataka vijana wangu wawili wakasome kwake. Ni mtu mwema. Lakini tangu nisikie habari hiyo sipati usingizi.
Mama wa Wawili, Kadutu

JIBU

Mama wa Wawili, pole sana kwa msiba. Nimefundisha historia hapa Bukavu kwa miaka thelathini na moja, na kila mwaka wanafunzi waliniuliza swali lako la kwanza. La pili hakuuliza hata mmoja. Kwangu mimi hilo ndilo lenye uzito, kwa hiyo nitakaa nalo zaidi.

Tuwapange ndugu kwanza. Waingereza wana neno moja tu kwa ndugu wa baba na ndugu wa mama. Sisi tunawatenganisha, na ukiwatenganisha habari yote inafunguka. Mfalme Edward wa Nne alifariki 9 Aprili 1483. Aliacha wavulana wawili: Edward wa miaka 12, mrithi, na Richard wa miaka 9. Edward alikuwa akilelewa Ludlow, mbali na London, chini ya mjomba wake Anthony Woodville. Baba yao mdogo alikuwa Richard, mtawala wa Gloucester, ndiye aliyekuja kupewa kazi ya kuulinda ufalme mpaka mtoto akue. Mjomba akaanza safari ya kumleta kijana London avikwe taji. Njiani, 30 Aprili, baba mdogo akamkamata mjomba huko Northampton, kisha akamfuata mtoto Stony Stratford akamchukua yeye mwenyewe. Mjomba hakurudi nyumbani tena. Tarehe 25 Juni alikatwa kichwa. Kwa hiyo kabla ya kuwa kesi ya ngome, hii ilikuwa kesi ya upande wa baba na upande wa mama kugombea mtoto mmoja. Huko Bushi, nchi ya Washi, mwami, yaani mfalme, anapofariki mrithi akiwa bado mdogo, mamake mtoto, mwamikazi, huweza kushika nchi kwa jina la mwanawe. Elizabeth Woodville, mama wa wavulana hawa, hakupata nafasi hiyo.

Aliposikia mwanawe amechukuliwa, alikimbilia kwenye abasia, yaani kanisa la watawa, ya Westminster akiwa na mtoto wa pili na mabinti zake. Mimi na wewe tunajua maana ya kukimbilia parokia: ni mlango ambao askari anaogopa kuuvuka. Naye alikuwa anaujua mlango huo. Mwaka 1470, mumewe alipofukuzwa nchini, mama huyu alijificha hapohapo, na huyo Edward alizaliwa hapohapo.

Alikaa humo wiki sita. Ikafika 16 Juni. Mashua zilikuja kwa mto Thames zikiwa na watu wenye silaha, wakaizunguka abasia. Aliyeingia ndani kuzungumza alikuwa mzee Thomas Bourchier, askofu mkuu wa Canterbury. Maneno yake yalikuwa laini: kaka yake yuko peke yake ngomeni, anahitaji mwenzake, atavikwaje taji bila mdogo wake kuwapo? Akaapa kwamba mtoto atakuwa salama na atarudishwa baada ya sherehe. Ngome ya London wakati ule ilikuwa pia jumba la kifalme, na wafalme walikaa humo kabla ya kutawazwa. Neno "ngome" halikumtisha mtu kama linavyokutisha wewe leo. Mama akapima: nje silaha, ndani kiapo cha mtu wa Mungu. Akamtoa.

Watu humlaumu. Mimi siwezi, na nitakwambia sababu yake. Baba yangu alipofariki nilikuwa na miaka kumi, mdogo wangu saba. Siku ya nne ya matanga wazee waliketi kwenye benchi uani, kasiksi, pombe ya ndizi, ipo katikati, wakamwita mama. Baba mdogo alikuwa amevaa koti la marehemu. Alisema kwa upole kwamba mimi nimeshakubali kwenda naye, sasa huyu mdogo atabaki na nani wa kucheza naye? Mama alikuwa ameshika mkono wa mdogo wangu kwa nguvu hata vidole vya mtoto vikawa vyeupe. Kisha niliviona vidole vya mama vikifunguka, kimoja kimoja. Hapakuwa na mashua wala panga pale. Palikuwa na wazee sita waliokuwa wanamtazama. Baba mdogo wangu alinisomesha mpaka nikawa mwalimu, Mungu amlaze pema. Lakini ule mkono sijausahau, na kila nilipofundisha tarehe 16 Juni niliuona.

Yaliyofuata Uingereza yalikwenda haraka. Tarehe 22 Juni mhubiri mmoja alisimama London akatangaza kwamba watoto wale si halali. Sababu iliyotolewa ilikuwa kwamba marehemu alikuwa ameahidi ndoa kwa mwanamke mwingine, Eleanor Butler, kabla ya kumwoa mama yao. Miaka kumi na tisa ya ndoa, watoto kumi, na hoja hiyo inazuka hadharani baada ya mazishi. Umeiona kwetu pia: siku ya matanga ndipo watu wanapokumbuka kuhesabu ng'ombe wa mahari. Tarehe 6 Julai baba mdogo alivikwa taji akawa Richard wa Tatu, na aliyemvika ni yuleyule askofu Bourchier.

Watoto walikuwa bado hai wakati fulani wa kiangazi hicho. Mwitaliano Dominic Mancini, aliyekuwa London wakati ule, aliandika kwamba walisogezwa vyumba vya ndani, wakawa wanaonekana madirishani mara chache, kisha hawakuonekana kabisa. Daktari wao, John Argentine, alisimulia kwamba yule mkubwa alikuwa akiungama kila siku, kwa kuwa aliona kifo kinamkabili. Mtoto wa miaka 12. Nikifika hapo darasani nilikuwa nafunga kitabu kidogo.

Nani aliwaua? Wengine humtaja mtawala wa Buckingham, aliyekuwa mshirika wa Richard, wengine Henry Tudor aliyemshinda Richard vitani Bosworth mwaka 1485 akawa mfalme. Thomas More, aliyeandika miaka thelathini baadaye, anamtaja James Tyrell, kwamba alitumwa na Richard. Wapo pia wanaoamini kwamba walitoroshwa. Katika miaka ya 1490 kijana Perkin Warbeck alijitokeza akidai ndiye yule mdogo, akaishia kunyongwa 1499. Mwaka 1674 mafundi walikuta mifupa ya watoto wawili chini ya ngazi ngomeni, nayo ikazikwa Westminster. Ilifunguliwa 1933 na haijapimwa vinasaba, kwa hiyo haijathibitisha kitu.

Maoni yangu ni haya, na nimeyashikilia kwa muda mrefu. Mwaka 1483, uvumi wa kifo chao ulipoenea na watu wakaanza kuasi, Richard alikuwa na jibu rahisi kuliko yote: kuwatoa watoto waonekane. Hakuwatoa. Linganisha na Henry Tudor: mwaka 1487, kulipotokea mtu aliyedaiwa kuwa Edward wa Warwick, mtoto wa baba mdogo mwingine wa wavulana wale, Henry alimtoa Warwick halisi, aliyekuwa kifungoni kwake, akampitisha London watu wamwone. Anayeshika mtoto aliye hai anaweza kumwonyesha. Richard ndiye aliyewapokea, na ndiye ninayemdai.

Tena mama yao mwenyewe ametuachia dalili. Machi 1484 alikubali kuwatoa mabinti zake pale abasia, lakini safari hii hakutosheka na upole wa askofu. Richard aliapa mbele ya wakuu wa nchi na meya wa London, mabinti wote watano wakitajwa kwa majina, na ndani ya kiapo mliandikwa kwamba hatawafunga katika ngome ya London. Mama hadai ngome iandikwe bila sababu.

Sasa shemeji yako. Usimhukumu kwa dhambi za Richard. Wangu alikuwa baba kweli. Lakini usiwatoe vijana kwa maneno ya benchi. Mwambie akutajie shule na darasa kabla ya safari. Wazee wa pande zote mbili wakae, kaka yako akiwemo, na makubaliano yaandikwe, pamoja na likizo ambayo watoto watarudi Bukavu. Mpe mkubwa simu ndogo iwe yake mwenyewe, na kila Jumapili uzungumze na kila mmoja, sauti yake, bila mtu wa kati. Jumapili utakayoambiwa "wamelala" mara ya pili mfululizo, panga safari ya Lubumbashi. Na kama moyo wako unakwambia aende mmoja kwanza, mwingine abaki mpaka mwaka wa shule uishe, sema hivyo mbele ya wazee, na usiuachie mkono wake.