Mikono ya Thelma Ritter

Swali la wiki linauliza: mwigizaji asiyepewa nafasi ya nyota afanye nini ili adumu jukwaani na kwenye filamu? Nalijibu kwa mtu mmoja, Thelma Ritter, mzaliwa wa Brooklyn, New York, mwaka 1902.

Alisomea uigizaji, akapanda jukwaani, akapunguza kazi ili alee watoto wawili, kisha akarudi kwa mlango wa redio. Filamu yake ya kwanza, Miracle on 34th Street, ilitoka 1947 akiwa na miaka 45. Humo ni mama aliyechoka kuzunguka madukani akitafuta zawadi ya mtoto; anaonekana kidogo tu, na jina lake halikuandikwa hata kwenye orodha ya waigizaji. Muda si muda akateuliwa kuwania Oscar ya mwigizaji msaidizi kwa All About Eve ya 1950. Humo ni Birdie, mtumishi wa nyota wa jukwaa, anayekuwa wa kwanza kumshuku Eve, shabiki mwenye hila, halafu hadithi inamwacha njiani bila hata kuaga. Kufikia filamu za 1962 alikuwa ameteuliwa mara sita, nne kati ya hizo mfululizo. Hakuipata hata moja, wala simu za kazi hazikukatika.

Mtazameni mikono. Katika Rear Window (1954) ni Stella, muuguzi anayemhudumia mpiga picha aliyevunjika mguu. Mawaidha yake makali anayatoa huku akimkanda mgongo. Angeyasema amesimama wima yangekuwa hotuba. Kwa kuwa ana kazi mkononi, yanamtoka kama ya mtu wa nyumbani.

Ila kazi ya mikono ina mtego. Kwenye filamu tukio moja hupigwa picha mara nyingi, kwa mbali kisha kwa karibu. Kama mara ya kwanza chupa iliinuliwa kwenye neno la tatu, lazima iinuliwe kwenye neno hilohilo kila linaporudiwa. Ukichelewa, vipande haviungani, na sura inayotupwa ni ya msaidizi, si ya nyota. Hapo ndipo wengi wanaotoka jukwaani hukwama, pamoja na kwenye sauti: wakiambiwa kipaza sauti kiko karibu, wanapunguza sauti na nguvu pia, maneno yanalala. Ritter alibaki na sauti yake kavu ya Brooklyn. Nadhani redio ilimfaa sana hapo.

Kazi yake bora kwangu ni Moe wa Pickup on South Street (1953), muuza tai za shingoni na siri za wezi, anayeweka akiba ili asije akazikwa makaburi ya maskini. Usiku wake wa mwisho yuko kitandani, santuri inazunguka, na muuaji yumo chumbani. Hapigi yowe. Anaongea kuhusu uchovu, kama mama yeyote aliyeshinda kutwa kwa miguu. Kamera inamwacha na kugeukia santuri. Risasi tunaisikia tu. Mwenye pupa angelia machozi mapema, na ukimya ule usingekuwa na kazi.

Mwaka 1957 alirudi Broadway, kwenye kumbi kubwa za maigizo za New York, katika New Girl in Town, akiwa Marthy, mlevi mzee. Yalifanyika maonyesho 431, na 1958 yeye na Gwen Verdon, aliyecheza nafasi kuu, wakapata kwa pamoja tuzo ya Tony ya mwigizaji bora wa kike wa tamthilia ya muziki. Jukwaani saa yako ni kicheko cha ukumbi. Ukisema neno linalofuata kikiwa kileleni, halisikiki. Ukingoja kiishe kabisa, watu wamepoa. Linasemwa kikianza tu kushuka. Kwenye filamu hakuna wa kukucheka wakati kamera inazunguka, hivyo nafasi ya kicheko unaiacha kwa kukisia. Ukiiacha tupu, ukumbi usiocheka unaona pengo. Ritter aliijaza kwa kazi ya mikono: akamkanda mgonjwa, ndipo akaendelea kusema.