Kwa anayeanza kuandika na kuchora maisha ya ndani ya Lamu

Karibu kila mwandishi au mchoraji mpya anayefika Lamu huanza na mlango wa nakshi, punda uchochoroni na jahazi lililotweka. Ni vitu vizuri, nami sikukatazi kuvichora. Ila vyote viko nje, na mji huu ulijengwa na watu waliotaka mambo yao makubwa yafanyike ndani. Ukitaka kitabu chako kiwe na uzito, jifunze nyumba kabla hujajifunza barabara.

Anza na mpangilio wa nyumba ya mawe ya kizamani, zile za mtaa wa Mkomani ambazo nyingi ni za karne ya 18. Nje kuna daka lenye viti vya mawe pande mbili, ambapo wanaume hukaa kuzungumza. Ukipita mlango unaingia tekani, na hapo njia inapinda. Kona hiyo inamzuia mpita njia asione ndani hata mlango ukiwa wazi. Kisha kuna kiwanda, ua usioezekwa, na mwanga wote wa nyumba unatoka hapo. Kutoka kiwandani unapanda kidogo kuingia msana wa tini, yaani chumba kirefu cha chini kinachoelekea kiwandani, unapanda tena kidogo kuingia msana wa yuu, ule wa juu, halafu chumba kiitwacho ndani, na nyuma kabisa ni chumba kiitwacho nyumba kuu. Kila hatua inakupeleka kwenye giza zaidi na kwa watu wachache zaidi. Nyumba kuu ndiko wanawake walikojifungulia na ndiko maiti walikooshewa.

Naomba usome tena aya hiyo ukiwa na penseli mkononi, kwa sababu hadithi yako nzima imo humo. Nani anaishia daka? Nani anaruhusiwa kufika msana? Mfanyabiashara mgeni alipewa sabule, chumba chenye ngazi yake kutoka karibu na mlango, akalala, akala, akaondoka bila kuonana na wanawake wa nyumba. Ukimwandika mgeni huyo akipita kiwandani kwenda chumbani kwake, msomaji wa Lamu atafunga kitabu hapo hapo.

Pima vyumba kwa utepe, usikisie. Vyumba vya Lamu ni virefu na vyembamba kwa sababu dari imebebwa na boriti za mikoko, na boriti haivuki zaidi ya mita 3 hivi bila kupinda. Wachoraji wengi hupanua chumba ili watu wenye kusimulia hadithi wapate nafasi, na hapo ndipo mchoro unapoanza kusema uongo. Wembamba ule ndio uliofanya watu wakae bega kwa bega na sauti zikasikika chumba cha pili. Ndio pia unaoeleza ukuta wa zidaka: safu kwa safu za vishubaka vya plasta vilivyopambwa, ambamo vyombo vya kaure kutoka China viliwekwa, na jicho likadhani chumba kina kina zaidi kuliko kilicho nacho. Chora zidaka taratibu. Nakshi zake ni nyingi na hazifanani nyumba moja na nyingine, na fundi aliyezichonga anastahili subira yako.

Usidharau choo. Kwenye birika la maji waliwekwa samaki wadogo ili wale viluwiluwi vya mbu, na chini ya birika likajengewa bakuli la kaure ili maji yakipungua samaki wabaki na mahali pa kuishi. Jambo kama hilo, likichorwa vizuri upande mmoja wa ukurasa, linamweleza msomaji usafi, elimu na biashara ya mbali kwa pamoja, na wewe mwandishi huna haja ya kuongeza neno. Jiko nalo mara nyingi lilikuwa juu kabisa chini ya makuti, moshi upate pa kutokea. Kwa hiyo harufu ya wali wa nazi haitoki mlangoni kama wengi wanavyoandika. Inatoka juu.

Kuna jambo ambalo naliona ndilo ufunguo wa mji huu, na nashangaa halipewi nafasi vitabuni. Desturi ya waungwana ilikuwa baba kumpa binti yake nyumba anapoolewa, na bwana harusi ndiye aliyehamia kwa mkewe. Mabinti wakiwa wawili au watatu, ilijengwa ghorofa juu, au nyumba ya jirani, na pale palipokuwa na uchochoro katikati pakajengwa wikio, chumba kinachovuka juu ya njia. Ukitembea Mkomani ukapita chini ya wikio, juu yako ni mama na binti walioendelea kuishi pamoja. Wanawake walitembeleana juu kwa juu bila kushuka barabarani. Jaribu kuchora ramani ya mtaa mmoja kwa kufuata mabinti badala ya vichochoro. Utapata mji tofauti kabisa na ule wa kwenye ramani ya watalii.

Kwa upande wa maandishi, waalimu wako wako tayari. Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir alipotunga shairi la Al-Inkishafi mwanzoni mwa karne ya 19, alieleza kuanguka kwa Pate, mji wa kisiwa jirani na Lamu, kwa kuingia majumbani: popo wananing'inia, na zidaka zilizokuwa za sahani sasa zimelaliwa na makinda ya ndege. Hakuhitaji kuorodhesha vita. Jifunze hapo namna sehemu moja ya nyumba inavyobeba historia ya dola. Kisha msome Mwana Kupona, aliyemtungia binti yake utendi mwaka 1858. Humo mna asumini za kutandazwa kitandani, mna kumpepea mume, mna namna ya kuzungumza na watu wa kila daraja. Sauti ya mwanamke akisema kutoka ndani mwenyewe ni adimu, basi isikilize. Lakini kumbuka ni wasia: unaonyesha maisha yalivyotakiwa kuwa, ya mwanamke muungwana. Usiuchukue kama picha ya kila nyumba ya kila siku.

Hapa nakusihi kwa nguvu. Nyumba hizi zilihudumiwa na watumwa, na wengi wao waliishi vyumba vya chini, pamoja na bidhaa. Utumwa ulifutwa kisheria katika pwani ya Kenya mwaka 1907. Ukimchora bibi ameketi mbele ya zidaka, sakafu inang'aa na maji yamejaa birikani, jiulize nani aliyateka maji yale, kisha umchore. Mpe uso. Michoro mingi ya Lamu ni mizuri mno kwa sababu imemwondoa mtu huyo, na uzuri wa namna hiyo siutaki kwenye kazi yako.

Kuhusu kuingia nyumba za watu leo: piga hodi, subiri, ukijibiwa kwamba leo haiwezekani, shukuru uondoke. Kama wewe ni mwanamume, shirikiana na mwanamke wa hapo hapo Lamu, na jina lake liandikwe kwenye jalada pamoja na lako, kwa maana nusu ya maarifa ni yake. Simu ya kupiga picha ibaki mfukoni. Tazama, zungumza, kunywa kahawa uliyopewa, uchore ukishatoka. Mwenye nyumba akikuambia jambo la familia, muulize wazi kama linaweza kuandikwa, na umuulize tena siku nyingine, maana watu hufikiri upya usiku. Nyumba inayotambulika kwa nakshi yake moja ya pekee, acha nakshi hiyo au omba ruhusa ya kuitumia. Naamini inawezekana kabisa kuonyesha jinsi sitara inavyofanya kazi bila kuivunja.

Rasimu ikikamilika wasomee wazee kwa sauti, hasa mabibi, huku michoro iko mbele yao. Mazungumzo ya wahusika yaandike kwa Kiamu, lahaja ya Lamu, na uache wao wakusahihishe. Mtu wa Lamu wa zamani haongei kama mtangazaji wa redio. Watakuonyesha pia makosa ya mavazi na ya ukaaji ambayo hakuna kitabu kitakachokuambia.

Kama bado hujui uanzie wapi, Lamu kuna nyumba ya karne ya 18 iliyokarabatiwa kuwa makumbusho, na hapo huingilii faragha ya yeyote. Lipa kiingilio, kaa msana wa yuu umeelekea kiwandani, uchore mwanga unavyosogea ukutani tangu asubuhi hadi alasiri. Rudi na mchoro huo kabla ya kumwomba mtu yeyote akufungulie mlango wake.