Bibi hataki kusimulia, niandikeje?

SWALI: Shikamoo dada. Bibi yangu alikimbia Burundi 1972 akaletwa Ulyankulu, makazi ya wakimbizi huku Tabora, mpaka leo ukimuuliza ya huko anasema "yalishapita" alafu anaendelea kuchambua mchicha wake. Majuzi nimeangalia muvi ya familia ya Wayahudi waliokimbilia Kenya enzi za Hitler, eti ni maisha ya mwandishi mwenyewe, ni kweli? Na mimi niliyezaliwa juzi tu nina haki gani ya kuandika ya bibi? Mjukuu, Tabora.

JIBU: Marahaba mdogo wangu. Ni kweli, huyo mwandishi ni Stefanie Zweig, kazaliwa 1932 Leobschütz, enzi hizo Ujerumani siku hizi ni Poland. Baba yake alikuwa wakili, Wanazi wakamfungia kazi, 1938 familia ikaingia Kenya na wakili wa watu akaishia kusimamia shamba. Mtoto kakulia hukohuko, Kiswahili kikamkaa mdomoni, alafu 1947 wakarudi Ujerumani. Kitabu chake ndicho kilichozaa hiyo muvi, kinaitwa Nirgendwo in Afrika, Kijerumani hicho, yaani "Hakuna popote Afrika", kilitoka 1995, yaani karibu miaka 50 baadaye! Kakiandika kama riwaya, familia kaipa jina lingine. Muvi ikachukua Oscar 2003.

Sasa kuna wanaosema hiyo sio habari ya maangamizi ya Wayahudi maana hamna kambi za mauaji kama Auschwitz ndani yake. Mimi nakataa kabisa. Wewe angalia barua tu. Ndugu walibaki Ulaya, na familia nyingi za namna hiyo vita vilipoanza zilibakiwa na vile vikaratasi vya ujumbe vya Msalaba Mwekundu, mwisho maneno 25, hebu jaribu wewe kumuaga mwanao kwa maneno 25, alafu navyo vikakatika na watu wakabaki wanasubiri posta miaka na miaka. Wayahudi milioni 6 waliuawa, na huko shambani Kenya msiba ulifika hivyo, kwa barua ambayo haikuja. Kila nikifikiria hapo moyo unaniuma.

Kuhusu haki, unayo, ila usiandike kama vile ulikuwepo. Andika ulichokiona wewe, mfano huo mchicha, kwamba bibi akiulizwa mikono yake inakimbilia kazi, hicho ni chako na hakuna wa kukubishia.

Na usimuulize "nini kilitokea", hilo swali ni zito mno kwa mtu mzima kama yule. Anza na majina. Kule Yerusalemu kuna Yad Vashem, kituo cha kumbukumbu ya Wayahudi waliouawa, wao wana fomu ya kila aliyeuawa, mtu mmoja karatasi moja, jina lake, wazazi wake, alikoishi, kazi yake. Wewe chukua daftari ufanye hivyohivyo, muulize bibi mama yake aliitwa nani, shoga yake, jirani wa upande wa pili, nani hakuvuka. Kaa naye uchambue mchicha, simu ya kurekodi iache ndani siku za mwanzo, na siku ukitaka kuitoa muombe ruhusa kwanza.